Nilivyolinunua Shamba la Mama Yangu

Mimi nikipewa kitu bure, cha kwanza natafuta mlango wa kutokea. Ndivyo nilivyo, na siombi radhi. Biashara ya viungo imenifunza. Mtu atakuletea gunia la pilipili manga, juu nyeusi, kavu, inapigisha chafya; tia mkono mpaka chini, unakutana na mbegu za papai zilizoanikwa. Mwingine kanyunyizia mdalasini maji ili uzito upande, halafu anakutazama usoni bila aibu: "Dada, huu umekaa juani wiki mbili." Wiki mbili wapi! Nilianza na beseni moja pale sokoni Morogoro, nikipima kwa kijiko, nikafika kwenye mashine zangu za kusaga huko Mafiga na wanawake wanaofunga pakiti. Sikufika kwa kumwamini mtu.

Siku hizi wananiita mfadhili. Nikiingia ukumbini nawekwa viti vya mbele, na jina lile huwa linanitekenya vibaya. Mtu akiniita mfadhili najua baada ya salamu kuna barua. Nimejengea zahanati choo, nimenunua madawati, nimelipia wagonjwa ambao wengine, nina hakika, hawakuwa wagonjwa. Natoa, lakini kila ninapotoa nachungulia nyuma ya mkono unaopokea.

Kuna jambo moja ambalo nilitaka kulifanya kwa moyo wote. Huko kwetu, milimani juu ya Kinole, wasichana wanaosoma sekondari wanatembea mbali mno, wengine wanapanga vyumba karibu na shule, wawili wawili, na kila jioni kuna wanaume wanaobisha hodi kwa visingizio vya kuomba kiberiti. Nikasema nitawajengea bweni. Na nitalijenga pembeni ya nyumba ya mama yangu, kwa sababu pale kuna tambarare, na anayejua Uluguru anajua tambarare ni kitu adimu. Pia nilitaka mama apate watu wa kumsalimia asubuhi. Alikuwa amekataa katakata kuja kukaa nami mjini, Kilakala. Alikuja mara moja, akakaa siku nne, akasema maji ya bomba yananuka dawa na jua la mjini halina adabu, akapanda gari akarudi.

Hapo lazima nieleze utaratibu wetu, kwa asiyeujua. Kwa Waluguru ardhi inafuata upande wa mama. Mtoto ni wa ukoo wa mama yake, shamba ni la ukoo huo, na anayelisimamia ni mjomba. Kwa hiyo ile tambarare haikuwa ya mama peke yake, ingawa amelima pale toka nikiwa mtoto. Msimamizi alikuwa mjomba wangu, mdogo wake mama, mzee mrefu mwenye tabia ya kunyamaza. Mtu wa kunyamaza simpendi. Mtu akipiga kelele unajua anachotaka.

Na nilikuwa na sababu yangu nyingine ya kuogopa. Tulipokuwa wadogo hatukukaa pale. Tulikaa kwa baba, mteremko wa pili, ng'ambo ya mto. Baba alipofariki, matanga yalipoisha, walikuja watoto wa dada zake, wakasema kwa upole kabisa kwamba shamba linarudi kwao. Hakuna aliyegombana. Mama alikunja mikeka, mimi nikabebeshwa godoro kichwani, tukashuka mpaka mtoni na kupanda upande wa pili mpaka kwa mjomba. Njia nzima nilikuwa nalia, si kwa uzito wa godoro, bali kwa sababu niliacha sungura wangu kwenye banda na hakuna aliyeniambia kama nitaruhusiwa kumfuata. Nikajiapia siku ile kwamba mama yangu hataondolewa tena mahali popote. Hilo ndilo lililokuwa moyoni mwangu wakati wote wa mambo haya, na naomba likumbukwe, kwa sababu huko mbele nitaonekana mtu mbaya.

Basi nikaenda kwa mjomba. Nilimkuta uani anakwangua magome ya mdalasini.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba mwanangu. Mwaka huu umekonda."

Nikamweleza habari ya bweni. Nilikuwa nimejiandaa kubishana nusu siku. Hakuinua hata macho, alimaliza gome lake, akalilaza juu ya mkeka, akasema, "Chukua. Jenga."

"Nichukue vipi?"

"Chukua. Kwani wewe unatoka wapi?"

Hee! Hivi hivi tu? Bila kuuliza nina kiasi gani, bila kuniomba hata koti? Machale yakanicheza. Nilishuka mlimani roho ikiwa juu. Mtu anayekupa tambarare Uluguru kwa neno moja, ama ana kichaa ama ana mpango, na mjomba hakuwa na kichaa.

Wiki iliyofuata nilipanda asubuhi na mapema bila kutoa taarifa. Ukungu ulikuwa bado umefunika migomba. Nikamkuta mjomba na wanaume wawili wa ukoo katikati ya ile tambarare, wanachomeka vijiti ardhini, wanapima kwa hatua. Waliponiona wakaacha kupima. Mmoja akacheka kidogo, kile kicheko cha mtu aliyefumaniwa.

"Mnapima nini?" nikauliza.

"Tunaangalia maji ya masika yanapopita," mjomba akasema.

Masika! Tulikuwa kiangazi, vumbi mpaka puani. Nilitabasamu, nikasema asanteni, lakini moyoni nikasema, mzee, mimi hunipati. Nilishaiona picha nzima: nitajenga, nitapaka rangi, nitaweka sola na vitanda, halafu siku moja watakuja kwa upole, kama walivyokuja wale wa upande wa baba, waseme bweni linarudi kwa ukoo. Na mama aende wapi? Abebe mikeka tena, na miguu ile iliyovimba?

Mjini nikamsimulia rafiki yangu mmoja, muuza nguo wa pale sokoni, mwanamke asiyekuwa na simile. Akanipigia makofi usoni. "Wewe mwanamke, unajenga kwenye ardhi ya ukoo bila karatasi? Umeingizwa mjini na wewe ni wa mjini!" Ananijua huyo. Kesho yake nilikuwa kwa mwanasheria.

Mwanasheria hakuwa mtu wa milimani, alikuwa kijana wa kutoka huko kanda ya ziwa, na kwake jambo lilikuwa jepesi: nunua, andikishaneni mbele ya mtendaji wa kijiji, mashahidi watie saini, basi. Akaniuliza, "Eneo lote au pa kujengea tu?" Nikasema lote. Na nyumba ya mama iwemo ndani. Nilisema hivyo kwa sauti ya juu kuliko ilivyohitajika, kwa sababu nilijiona nimepata akili kubwa sana. Nyumba ya mama ikiwa ndani ya karatasi yangu, nani atamgusa?

Nikapanda kumwambia mama. Alikuwa jikoni anapika magimbi, moshi umejaa, machozi yanamtoka na yeye hata habari hana. Nilimweleza. Alisikiliza mpaka mwisho, akageuza kuni, akasema, "Mwanangu, acha karatasi. Utatutenga."

"Nani kakufundisha kusema hivyo?"

"Nifundishwe na nani? Nakwambia acha."

"Mjomba kapita hapa?"

"Anapita kila siku. Ni mdogo wangu."

Enhee! Nikajua kumbe wameshamlisha maneno. Nilimwonea huruma mama yangu kwa jinsi alivyokuwa haelewi. Nikambusu kichwani, nikamwambia asiwe na wasiwasi, nikaondoka. Najua sasa nani alikuwa haelewi, lakini nisikimbilie huko.

Mjomba alikataa kuuza. Alikataa mara ya kwanza kwa kucheka, akidhani ni mzaha wa watu wa mjini. Mara ya pili alikataa kwa hasira, na sikuwahi kumwona na hasira. "Hapa ni kwenu!" akasema, na mate yakamtoka. "Unamnunulia nani?" Nikamjibu mbele ya mkewe na wageni wawili waliotoka jumuiya ya kanisa kwamba asiyetaka kuandikishana ana lake jambo. Kama hana nia mbaya, saini inamuuma nini? Wale wageni wakatazama chini. Nilijua nimemvunjia heshima na sikujali. Nilikuwa tayari kumvunjia heshima yeyote kwa ajili ya mama.

Alikubali mara ya tatu. Sijui nini kilimbadilisha, pengine alichoka. Tulikutana ofisi ya kijiji siku ya kawaida tu, kuku wanapita mlangoni, mtendaji akatoa muhuri wake mfukoni. Wazee wanne wa ukoo walikuja wamevaa makoti ya misa. Kabla ya kutia saini mjomba alisimama, akaniuliza, "Unanunua kwetu?"

"Nanunua."

"Unanunua kwetu?"

"Mjomba, nimeshasema, nanunua!"

Akamgeukia mama aliyekaa kwenye benchi karibu na dirisha. "Dada, umesikia?"

Mama akasema, "Nimesikia."

Wazee wakaweka dole gumba mmoja mmoja. Hakuna aliyepiga vigelegele, na mimi niliona ndiyo ushahidi kwamba nimewabana. Watu waliokuwa na nia njema wangefurahi. Nilishuka mlimani nikiimba.

Ujenzi ulichukua masika mawili. Hapo tabia yangu ya kushuku ilinisaidia, nisijisingizie ubaya tu. Fundi mkuu nilimkamata na mifuko ya saruji yangu imefunikwa majani ya migomba kwenye kibanda cha shemeji yake. Alilia, akasema ni shetani. Nikamwambia shetani hana nyumba anayoijenga Mkuyuni kama yeye, akafukuzwa siku hiyo hiyo. Masika ya kwanza yaliposhuka, maji yalipita pale pale vijiti vya mjomba vilipokuwa, yakaacha msingi mkavu. Nililiona hilo. Nikasema moyoni, bahati. Mtu ukishaamua kumshuku mwingine hata mvua haikushawishi.

Siku ya ufunguzi kulikuwa na turubai, spika, paroko akanyunyiza maji ya baraka vitanda vyote kimoja kimoja, na wasichana wa kwanza wakaimba mpaka mmoja akazimia kwa furaha, au kwa njaa, maana chakula kilichelewa. Kilichelewa kwa sababu niliwategemea wanawake wa ukoo wetu wapike, kama ilivyo kwenye shughuli yoyote ya nyumbani. Walikuja wote, wamependeza, wakakaa kwenye viti chini ya turubai, wakasubiri kuhudumiwa. Mama mdogo mmoja, ambaye kwenye harusi yangu alikoroga ugali mpaka mkono ukatoka malengelenge, alinipa mkono na kusema, "Hongera, umejenga vizuri kwako." Nilikimbia huku na huku na mwiko, nimevaa gauni la kushonesha, nikiwaka. Wamesusa! Mjomba kawapanga wanisusie!

Nikarudi mjini na donge langu. Lakini bweni lilienda vizuri, nashukuru Mungu, na mlezi niliyemwajiri, mjane mmoja mtulivu, alikuwa ananipigia simu kila Jumapili. Ni yeye aliyeanza kuniambia mambo ya mama. Kwamba mama haichumi tena pilipili manga yake, ile inayopanda kwenye miti nyuma ya nyumba. Imeiva, inadondoka, ndege wanakula. Kwamba miche ya karafuu aliyokuwa ameiotesha kwenye makopo ameigawa yote kwa jirani. Kwamba anapanda maharage na maboga tu, vitu vya msimu. Kwamba juzi paa la jikoni limevuja na hakumwita mtu, alikuja kwa mlezi kuuliza kama inaruhusiwa kubadilisha bati.

Inaruhusiwa! Mama yangu, nyumbani kwake! Nikajua mjomba keshaanza kumtisha. Karatasi imemshinda, sasa anambana mzee wa watu kwa maneno, amchoshe mpaka aondoke mwenyewe. Nilichukua gari asubuhi ile ile, barabara ina utelezi, tukasukuma mara mbili, nikafika nimejaa tope mpaka magotini, na sikubisha hodi kwa mjomba.

"Unamtisha mama yangu!"

Alikuwa anakunywa uji. Aliweka bakuli chini taratibu. "Shikamoo yako iko wapi?"

"Shikamoo. Unamtisha mama yangu!"

"Marahaba. Namtisha kwa kitu gani?"

Nikamwaga yote, pilipili, karafuu, bati la jikoni, wanawake waliosusa, vijiti. Mkewe alitoka jikoni akarudi ndani. Mjomba alinisikiliza mpaka pumzi ikaniishia. Kisha akasema, si kwa ukali, "Kamwulize mwenyewe. Yule pale anakuja."

Mama alikuwa anapanda njia ya kutoka kwenye maboga, polepole, kapu kichwani, kuku kwapani. Alikuwa amesikia gari. Alivaa khanga safi na viatu vyake vya kanisani, na alipofika kwenye ngazi ya uani alivivua, akaviweka pembeni. Akaniwekea kapu miguuni: maharage mapya, boga moja, mkungu mdogo wa ndizi. Kuku akamlaza juu yake, miguu imefungwa kwa ugwe wa mgomba.

"Mwenye shamba," akaniita, "nimekuletea ya mwaka huu."

Nilidhani ananitania. Mama ana utani. Nikacheka, nikamtazama mjomba nikisubiri acheke, hakucheka.

"Ni nini hii?" nikauliza.

"Ngoto," mjomba akasema. "Mgeni akilima shamba la watu, kila mavuno anampelekea mwenyewe kidogo, kuonyesha kwamba anajua si lake. Hapandi miti, maana mti ni wa kudumu na yeye si wa kudumu. Hajengi bila kuuliza. Baba yako alipofariki, kule ng'ambo, mama yako alikuwa mgeni. Ndiyo maana mliondoka. Alipofika hapa hakuwa mgeni tena. Hapa hakuna mtu angeweza kumwondoa, mimi wala nani, hata kama tungetaka. Wewe peke yako ndiye uliyeweza."

"Mimi nilinunua ili asiondolewe!"

"Tunajua. Lakini mtu hanunui kwao. Anayenunua anasema yeye siye wa hapa. Nilikuuliza mara mbili."

Mama alikuwa amechutama pembeni ya kapu, anafukuza nzi kwenye boga. Nikamwambia mama anyanyuke, tafadhali, anyanyuke. Nikasema hicho kitu sikitaki, akichukue, amrudishe kuku bandani.

Mjomba akainua kiganja. "Angalia unachosema. Ukikataa ngoto umemfukuza."

Mama alinitazama. Alikuwa ameogopa, na Mungu wangu shahidi, alikuwa ananiogopa mimi.

Nikamwuliza mjomba kama inawezekana kurudisha. Akasema inawezekana sana, wala si kazi: nilete ile karatasi, ichanwe mbele ya wazee wale wale, niombe shamba kwa mdomo kama mtoto anavyoomba kwao, nitapewa. Bweni litabaki. Wasichana watabaki.

"Bila maandishi?"

"Bila maandishi."

"Na wewe ukifa? Anayekuja baada yako nitamjuaje?"

Akachukua bakuli la uji.

Watu watasema ningesema ndiyo pale pale. Hata mimi, nikikaa Kilakala kwenye kochi langu, husema hivyo. Ila nilitazama ng'ambo ya migomba, nikaliona paa jekundu la bweni, sola, matangi, jasho langu la miaka, nikamtazama mzee yule aliyenyamaza, na wale wa upande wa baba, na upole wao, wakanirudia akilini. Nikasema nitalifikiria. Karatasi ipo kabatini mpaka leo, na ninalifikiria, na mama hapungui kuzeeka.

Kwa hiyo nikapokea. Nilichukua kapu kwa mikono miwili, nikamchukua na kuku. Mama akapumua, akavaa viatu vyake, akanishukuru kwa kumruhusu alale kwake mwaka mwingine.